MZIGO WA MWENZIO: MOYO WA MKIMBIAJI NA MATUMAINI YA TAIFA

Wahenga walisema kwamba mzigo wa mwenzio ni kanda la usufi. Maana yake ni wazi: auonaye mzigo kichwani mwa mtu mwingine huudhania mwepesi, kwa kuwa shingo inayouma si yake. Katika makala haya tunakusudia kuitumia methali hiyo kumulika jambo moja katika historia ya michezo ambalo halikupewa nafasi ya kutosha katika masomo yetu. Jambo lenyewe ni afya ya akili ya mwanamichezo wa mashindano, hasa yule ambaye taifa zima limemtuma.

Ushindani si jambo geni kwetu. Kabla ya kuwapo viwanja vya kisasa, watu wa nchi hii walishindana kwa mieleka, kwa resi za ngalawa, kwa bao, kwa kujibizana mashairi na kwa ngoma. Ngoma ya beni, iliyoenea kutoka mwambao hadi bara katika miongo ya mwanzo ya karne ya 20, iliigawa miji pande mbili, zikashindana kwa nyimbo, kwa mavazi na kwa karamu. Upande ulioshindwa ulirudi mtaani ukiwa upande mzima. Aibu yake, kama ilikuwapo, iligawanywa kwa watu wengi, kila mmoja akachukua kidogo, na msimu uliofuata wakarudi tena uwanjani.

Mashindano ya kisasa baina ya mataifa yaliibadili hesabu hiyo. Mwanamichezo huvalishwa rangi za bendera, hukabidhiwa matumaini ya mamilioni ya watu asiowajua, kisha husimama peke yake kwenye mstari. Akishinda, husema wananchi, "Tumeshinda." Akishindwa, husema, "Ameshindwa." Tofauti ya herufi chache katika vitenzi hivyo viwili ndiyo uzito wa mzigo tunaotaka kuuzungumzia.

Nchi yetu iliingia katika mashindano hayo mapema baada ya uhuru. Tanganyika ilipokuwa jamhuri mwezi Desemba 1962, iliundwa wizara ya kushughulikia utamaduni wa taifa na vijana. Na mwaka 1967 likaundwa kwa sheria Baraza la Michezo la Taifa. Wanariadha wetu walikwenda kwenye Michezo ya Olimpiki kwa mara ya kwanza mwaka 1964, huko Tokyo, Japani. Katika mji huo huo na katika michezo hiyo hiyo ndiko kulikoanzia kisa tunachotaka kukieleza kwanza. Kisa hicho si cha Mwafrika, lakini mwisho wake uliyagusa maisha ya mkimbiaji wetu mmoja aliyetoka Mbulu.

Mwaka 1964 ulikuwa wa 19 tangu Japani ishindwe katika Vita Kuu ya Pili. Miji iliyokuwa majivu ilikuwa imejengwa upya, na michezo ile ilikusudiwa kuuonyesha ulimwengu kwamba taifa limesimama tena. Marathoni ilikimbiwa siku ya 21 Oktoba. Abebe Bikila wa Ethiopia, aliyekuwa amekwisha kushinda Roma mwaka 1960, aliingia uwanjani peke yake na kumaliza kwa saa 2, dakika 12 na sekunde 11. Dakika kadhaa baadaye, uwanja ulilipuka kwa shangwe, kwani wa pili kuingia alikuwa Mjapani, Kokichi Tsuburaya, askari wa jeshi la kujihami, mwenye umri wa miaka 24. Japani haikuwa imepata medali nyingine yoyote ya riadha katika michezo ile. Medali ya fedha ilikuwa imekaribia mno. Ndipo Mwingereza Basil Heatley, aliyekuwa nyuma yake, alipoongeza mwendo na kumpita ndani ya uwanja, mbele ya macho ya watu wote. Tsuburaya akawa wa 3, nyuma ya Heatley kwa sekunde zisizotimia 4.

Husimuliwa kwamba tangu utoto wake baba yake alimfunza asigeuke nyuma anapokimbia, na kwamba kwa sababu hiyo hakumwona Heatley akija. Yawe hayo yawavyo, watu wengi wangeiita medali ya shaba ya Olimpiki heshima kubwa, na wananchi wa Japani wengi walimpongeza. Lakini Tsuburaya hakulipokea jambo lile hivyo. Alimwambia mkimbiaji mwenzake, Kenji Kimihara, kwamba amewakosea wananchi wake kosa lisilosameheka, na kwamba hana budi kulilipa deni hilo katika michezo itakayofuata, huko Mexico, mwaka 1968.

Tuliangalie neno "deni". Mwanariadha aliyekimbia kilomita 42 na kumaliza mbele ya wakimbiaji wote wa dunia isipokuwa wawili, alijihesabu kuwa mdaiwa. Tangu siku hiyo maisha yake yote yaliwekwa rehani. Alikuwapo msichana aliyetaka kumwoa, lakini mkubwa wake jeshini alikataa, akasema Olimpiki kwanza; na msichana yule hatimaye aliolewa na mtu mwingine. Kocha aliyemtetea katika jambo hilo alihamishwa. Mwili nao ulianza kumsaliti: alipata maradhi ya mgongo, na mwaka 1967 akalazwa hospitali na kupasuliwa. Alipotoka na kujaribu kukimbia, aliona kwamba miguu si ile tena. Tarehe 9 Januari 1968, akiwa na umri wa miaka 27, alijitoa uhai katika bweni la chuo cha mazoezi cha jeshi. Aliacha barua ya kuwashukuru wazazi na ndugu zake, mmoja baada ya mwingine, kwa vyakula walivyomlisha katika sikukuu. Na akawaeleza wazazi wake kwamba amechoka kabisa na hawezi kukimbia tena.

Hatukukileta kisa hiki ili kuwahuzunisha wasomaji, wala ili tuhukumu taifa jingine. Tumekileta kwa sababu ya yule mwenzake aliyeambiwa habari za deni. Kimihara alikuwa amemaliza wa 8 katika mbio zile zile za Tokyo. Yeye pia alikuwa Mjapani. Alibeba bendera ile ile, akasikia kelele za watazamaji wale wale. Baada ya Tokyo yeye pia alivunjika moyo, akataka kuacha mbio. Lakini waliomzunguka walimtendea kwa namna nyingine. Aliachwa apumzike. Kocha wake hakumzuia kuoa, bali alimtia moyo aoe, naye akaoa. Baada ya hapo alirudi barabarani kwa hiari yake, na mwaka 1966 alishinda marathoni ya Boston, Marekani.

Basi hapa tunao watu wawili wa taifa moja, wa wakati mmoja na wa mchezo mmoja. Ukiulizwa ni nani kati yao aliyekuwa na nguvu zaidi, mbio za Tokyo zitakujibu kwamba ni Tsuburaya. Kwa hiyo wanaosema kwamba mwanamichezo akiugua moyo ni kwa sababu ya udhaifu wake, hawana budi kulieleza jambo hili. Hatudai kwamba ndoa au mapumziko peke yake huponya. Maradhi ya akili yana sababu nyingi zilizofungamana, nyingine za mwili, nyingine za maisha, na hakuna mtu wa nje awezaye kuzihesabu zote. Tunalosema ni hili: mmoja alikuwa na watu walioutazama mzigo wake wakaupunguza, mwingine alikuwa na wakubwa waliouona kuwa usufi, wakauongeza.

Tarehe 20 Oktoba 1968 marathoni ilikimbiwa katika jiji la Mexico, lililo juu ya usawa wa bahari kwa zaidi ya mita 2,200, mahali ambapo pumzi ni haba. Mamo Wolde wa Ethiopia alishinda. Wa pili alikuwa Kimihara. Yeye mwenyewe alisimulia baadaye kwamba alipokuwa anakaribia mwisho aligeuka kutazama nyuma, jambo ambalo hakuwa na desturi ya kulifanya, akamwona Mike Ryan wa New Zealand yu karibu mno, akaongeza mwendo, akamshinda kwa sekunde 14. Na akaona kama kwamba rafiki yake marehemu ndiye aliyemgutusha. Medali ya fedha iliyoponyoka Tokyo ilipatikana Mexico, lakini haikupatikana kwa mtu aliyekuwa akilipa deni.

Katika mbio hizo hizo alikuwamo Mtanzania John Stephen Akhwari. Wasomaji wetu wengi wanajua habari zake, kwani husimuliwa mashuleni kila mwaka. Misuli ilimkaza kwa sababu ya ile hewa nyembamba. Kisha, kabla ya nusu ya njia, aligongana na wenzake akaanguka, akaumia goti vibaya na bega. Wakimbiaji 75 walianza mbio zile, 18 hawakumaliza. Akhwari alifungwa bendeji akaendelea, mara akitembea, mara akikimbia kwa kuchechemea. Aliingia uwanjani giza likiwa limeingia, zaidi ya saa nzima baada ya Wolde, akiwa wa 57 na wa mwisho, watu wachache waliobaki wakimpigia makofi. Alipoulizwa kwa nini hakuacha, alijibu kwa maneno ambayo maana yake ni kwamba nchi yake haikumpeleka mbali vile ili aanze mbio, bali ili azimalize.

Jibu hilo ni miongoni mwa mambo mazuri yaliyopata kusemwa na mwanamichezo yeyote. Nasi hatuna nia ya kulipunguzia thamani. Lakini tunaona kwamba mwalimu anayelifundisha huweza kulifundisha kwa namna mbili, na kwamba namna hizo hutofautiana kama dawa na sumu. Namna ya kwanza ni kusema: tazameni mtu huyu, alivyojitolea mwenyewe jambo ambalo hakuna aliyemdai. Namna ya pili ni kusema: tazameni mtu huyu, nanyi msithubutu kufanya pungufu ya hilo. Neno la Akhwari lilikuwa zawadi aliyoitoa mwenyewe kwa taifa lake. Tukilidai kwa kijana mwingine huwa kodi. Tsuburaya alilipa kodi ya namna hiyo mpaka akaishiwa.

Tena yafaa tukumbuke sehemu ya kisa ambayo husahauliwa. Akhwari aliporudi nyumbani baada ya kuwa wa mwisho hakulakiwa kwa kejeli. Goti lilitibiwa, akakimbia tena. Mwaka 1970, katika Michezo ya Jumuiya ya Madola huko Edinburgh, alikuwa wa 5 katika marathoni kwa saa 2, dakika 15 na sekunde 5, muda ambao wakimbiaji wengi wakubwa wa zama zile wangeuonea fahari. Mwaka 1983 taifa lilimtunuku nishani. Hizi ndizo habari zinazokikamilisha kisa: mtu alianguka, akapokewa, akapona, akakimbia. Tukiishia kwenye bendeji na giza la Mexico, tunawafunza vijana kuumia tu. Tukifika Edinburgh, tunawafunza pia kupona.

Sasa tuje karibu zaidi na nyumbani. Mwaka 1976 timu ya raga ya New Zealand ilizuru Afrika ya Kusini wakati makaburu walipokuwa wakiendesha siasa ya ubaguzi wa rangi, na mwezi Juni mwaka huo huo watoto wa shule waliuawa Soweto. Kamati ya Olimpiki ilipokataa kuizuia New Zealand isishiriki katika michezo ya Montreal, nchi zaidi ya 20 za Kiafrika, Tanzania na Kenya zikiwamo, zilisusa. Sababu ya kususa ilikuwa ya haki, na historia imeithibitisha. Lakini haki nayo ina gharama, na gharama ya haki hiyo haikulipwa kwa fedha za hazina. Ililipwa na vijana waliokuwa katika kilele cha nguvu zao, kilele ambacho mwanariadha hukifikia mara moja tu katika maisha.

Mmoja wao alikuwa Filbert Bayi, mzaliwa wa Karatu. Tarehe 2 Februari 1974, huko Christchurch, New Zealand, alikimbia mita 1,500 kwa dakika 3 na sekunde 32.2, akavunja rekodi ya dunia mbele ya John Walker wa nchi hiyo hiyo. Mwaka 1975, huko Kingston, Jamaika, akaivunja rekodi ya maili moja. Dunia nzima ilingoja kuwaona wawili hao tena Montreal. Bayi hakwenda. Walker alikwenda akashinda. Mwaka 1980, huko Moscow, Bayi alipata medali ya fedha katika mbio za kuruka viunzi na maji za mita 3,000, na Suleiman Nyambui akapata ya fedha katika mita 5,000. Baadaye Bayi alisoma chuo kikuu huko Marekani, akarudi nyumbani, akaanzisha shule na akatumikia kamati ya Olimpiki ya nchi yetu kwa miaka mingi. Mlango mmoja ulipofungwa, alipata mwingine wa kuuingia.

Mwingine alikuwa Mkenya Henry Rono, wa kabila la Wanandi. Yeye pia alikosa Montreal. Mwaka 1978, akiwa mwanafunzi katika chuo kikuu cha jimbo la Washington, Marekani, alifanya jambo ambalo halikuwa limefanywa na mtu: katika siku 81, tangu 8 Aprili hadi 27 Juni, alivunja rekodi 4 za dunia, za mita 5,000, za kuruka viunzi na maji, za mita 10,000 na za mita 3,000. Mwaka 1980 Kenya haikwenda Moscow kwa sababu ya uvamizi wa Afghanistan. Hivyo mkimbiaji aliyekuwa bora kuliko wote katika zama zake hakupata kukimbia hata mara moja katika Olimpiki.

Yaliyofuata Rono aliyasimulia mwenyewe bila kuficha. Ulevi ulikuwa umemwingia tangu siku za chuo, nao ukamshika. Mwezi Septemba 1981, huko Norway, aliivunja tena rekodi yake ya mita 5,000, na baadaye alieleza kwamba siku hizo pombe ilikuwa imekwisha kuwa bwana wake. Jambo hili lina mafunzo makubwa. Saa ya mwamuzi hupima miguu, haipimi moyo. Watu walioshangilia rekodi ile hawakujua kwamba walikuwa wakimshangilia mgonjwa. Baada ya hapo fedha zilikwisha, rafiki wakapungua, na mtu aliyewahi kuwa na rekodi 4 za dunia akawa hana pa kulala huko Marekani, akifanya kazi za kuosha magari na kubeba mizigo ya wasafiri. Polepole alijinasua, akafundisha, akaandika kitabu cha maisha yake. Alirudi Kenya mwaka 2019, akafariki dunia mwezi Februari 2024.

Hatusemi kwamba kususa ndiko kulikomponza Rono, wala kwamba Bayi alikuwa bora kuliko yeye kwa tabia. Wote wawili walisoma, wote wawili walijituma, na maisha ya binadamu hayapimwi kwa mizani ya dukani. Tunalosema ni kwamba serikali zilipoamua kususa, ziliamua kwa ajili ya wote, lakini hazikuweka utaratibu wa kuwauliza wale wachache waliolipa: Je, mmelalaje? Mtafanya nini sasa? Mtumishi wa umma anayeandika barua ya kuwazuia vijana wasisafiri hana budi kujua kwamba barua hiyo ina ukurasa wa pili, nao ni ukurasa wa kuwatunza. Ukurasa huo haukuandikwa.

Kwa nini haukuandikwa? Sababu moja imo katika lugha tunavyoitumia. Kiswahili hakikosi maneno ya maumivu ya moyo. Washairi wetu wamezoea kutaja huzuni, simanzi, majonzi, jitimai na ghamu, na kila neno lina kina chake. Liko pia neno kusonona, ambalo maana yake ni kuumia moyoni kwa kimya kwa muda mrefu. Na ni kutokana na neno hilo kwamba wataalamu wa leo wameyaita maradhi hayo sonona. Lakini maneno hayo tumeyaachia mashairi. Katika mazungumzo ya kila siku mtu aliye na maradhi ya akili hupewa jina moja tu, kichaa. Na jina la Mirembe, hospitali ya Dodoma inayowatibu watu, limegeuzwa la mzaha. Kijana aliyevunjika mguu husema wazi kwamba amevunjika mguu. Yule asiyepata usingizi kwa hofu ya kushindwa hunyamaza, kwa kuwa kati ya neno "mzima" na neno "kichaa" hakuona neno la kusimama juu yake.

Lugha ya michezo nayo huongeza uzito. Mchezaji huitwa askari, mchezo huitwa vita, kushindwa huitwa aibu ya taifa. Maneno haya yana ladha katika utenzi, lakini askari aliyejeruhiwa ana haki ya kubebwa atoke mstari wa mbele, na haki hiyo hatukumpa mchezaji.

Miaka 57 baada ya Tsuburaya, jiji lile lile la Tokyo lilishuhudia jambo la namna nyingine. Tarehe 27 Julai 2021, mwanajimnastiki Mmarekani Simone Biles, aliyetazamiwa na dunia nzima kushinda, alijiondoa katika fainali ya timu baada ya kuruka mara moja. Alieleza kwamba akili na mwili wake havikupatana, na kwamba alipokuwa angani hakujua yuko wapi. Katika mchezo huo kutojua uko wapi angani ni hatari ya kuvunja shingo. Walikuwapo waliomtukana kwa kumwita mwoga. Lakini wenzake hawakumwacha, madaktari walimsikiliza, naye alibaki kando ya uwanja akiwashangilia wenzake, waliopata medali ya fedha. Siku chache baadaye alirudi akapata shaba. Alipumzika, akatibiwa, na huko Paris mwaka 2024 alishinda medali 3 za dhahabu na 1 ya fedha.

Kisa cha Biles hakikutokea kwa bahati tu. Mwaka 2019 jopo la wataalamu lililoitwa na Kamati ya Kimataifa ya Olimpiki lilitoa tamko kwamba afya ya akili ya mwanamichezo haitenganishwi na afya ya mwili wake, na kwamba dalili zake zahitaji kutafutwa na kutibiwa kama majeraha mengine. Jambo ambalo mwaka 1964 halikuwa na jina mbele ya wakubwa wa michezo, sasa limeandikwa.

Huenda msomaji akauliza: Je, mafunzo haya hayatawalegeza vijana? Uvumilivu si ndio uliotujengea jina? Tunajibu kwamba uvumilivu ni kitu kitukufu, lakini hata mkulima hauachi udongo ulime mwaka baada ya mwaka bila kuupumzisha, wala haitwi mvivu kwa hilo. Kimihara alipumzika, akapata fedha. Biles alipumzika, akapata dhahabu. Hata kama wasingepata kitu, uhai wao ungekuwa faida tosha.

Wahenga walitupa pia methali isemayo kwamba asiyekubali kushindwa si mshindani. Methali hiyo kwa kawaida huelekezwa kwa mchezaji. Sisi tunapendekeza ielekezwe kwa mtazamaji pia, na kwa mwalimu, na kwa kiongozi. Taifa lisilokubali mtoto wake ashindwe halijawa taifa la mashindano.

Kazi hii haianzii Olimpiki. Inaanzia katika michezo ya shule, katika ligi za wilaya na katika UMISSETA, ambako kijana wa miaka 16 huvalishwa kwa mara ya kwanza jezi ya mkoa. Mwalimu wa michezo ndiye mtu mzima wa kwanza kuona. Akimwona mchezaji aliyekuwa mcheshi amejitenga, hali vizuri, halali, au amekasirika kwa jambo dogo, na hali hiyo ikaendelea kwa majuma, asimwite mvivu. Amwite kando, amsikilize, na ampeleke kwa mganga wa kituo cha afya kama ambavyo angempeleka aliyeteguka kifundo. Kijana akisema kwamba amechoka na maisha, neno hilo lisichukuliwe kuwa mzaha. Asiachwe peke yake, na wazazi na mganga waarifiwe siku hiyo hiyo. Aliyeumia asiachwe nyuma bwenini timu inaposafiri bila mtu wa kumjulia hali, kwa maana jeraha la mwili ndilo mara nyingi hufungua njia ya jeraha la moyo. Na aliyekosa penalti Jumamosi asisimamishwe mbele ya wanafunzi wenzake Jumatatu asubuhi.

Kwa wanafunzi nao tuna neno. Siku timu yenu itakaporudi imefungwa, nendeni mkaipokee mizigo yao garini. Mtakapoishika mtaona kwamba haikuwa usufi.